Watu wa Nyuma ya Bamba

Josefina alikuwa na miaka ishirini na miwili alipofundishwa kugonga. Baba yake, Zenon, alimwingiza ndani ya ilungu, lile tanuri refu la udongo ambamo mababu wa Kifipa waliyeyushia chuma, akamwonyesha bamba lililokazwa kwenye ukuta wa nyuma, akampa spana kubwa mkononi. Akamwambia agonge mara moja tu, kisha asubiri. Josefina akagonga. Zikapita pumzi tatu au nne, na upande wa pili wa bamba mtu naye akagonga mara moja.

"Amesema yupo," baba yake alimwambia. "Na wewe umemwambia upo. Mengine utajifunza taratibu."

Hayo yalitokea miaka thelathini na minne iliyopita. Katika kijiji chao, mwendo wa saa moja kwa pikipiki kutoka Kaengesa, hakuna aliyeona ajabu kwamba nyuma ya bamba kuna watu. Wafua chuma wa zamani walijua kwamba dunia ni nyingi, zimepangana kama vyumba vya nyumba moja, na kwamba moto ukikolezwa kupita kiasi ndani ya ilungu, ukuta wa kati hutoboka. Ilungu moja la upande wa Chala lilitoboka likawa linapuliza upepo wenye chumvi, mpaka wenyewe wakalijaza udongo. Jingine, karibu na mteremko wa bonde, lilitoa giza tu, na mpaka leo wachunga mbuzi hawalisogelei. Hili la kina Josefina lilitobokea kwenye nchi ya joto. Babu yake aliwahi kuliziba tundu kwa bamba nene kama kidole gumba, na tangu siku hiyo vitu viwili tu ndivyo vilivyopita hapo: joto na sauti. Nchi hiyo wakaiita Ng'ambo.

Mashine aliitengeneza Zenon, aliyejifunza ufundi kwa mabradha wa misheni. Hakuwa na dizeli. Alikuwa na bamba la moto upande mmoja na kijito cha maji baridi upande mwingine, akaona hivyo viwili vinatosha. Alikaza silinda mbili nene juu ya bamba, akazizungushia maji ya kijito kwa bomba, akafunga gurudumu zito alilolitoa kwenye trekta lililokufa. Hewa ya ndani ikipata joto ilitanuka na kusukuma pistoni. Ikifika kwenye ubaridi ilinywea, na pistoni ikarudi. Gurudumu likazunguka, mkanda ukazunguka, kinu kikasaga. Moshi haukuwepo, na sauti yake ilikuwa ndogo, kama mtu anayehema usingizini. Kadiri mashine ilivyovuta joto, ndivyo Ng'ambo walivyopata nafuu, kwa kuwa kwao ubaridi ulikuwa kitu cha kutafutwa. Huku wakapata unga.

Ilichukua miaka mingi Zenon na mlinzi wa Ng'ambo kuelewana kwa kugonga. Moja: nipo. Mbili: ongeza maji, tupoze. Tatu: punguza. Na mtu akitaka kutaja idadi ya watu wa nyumbani kwake, aliburuza chuma juu ya bamba kwanza, halafu akagonga polepole, pigo moja kwa kila mtu. Kwa njia hiyo Zenon aliwatangazia kuzaliwa kwa Josefina. Na mwaka ambao Zenon alifariki, Josefina aliburuza spana akagonga idadi iliyopungua mmoja. Siku ile mlinzi wa Ng'ambo hakugonga tena mpaka kesho yake.

Mambo yalibadilika mwezi wa tano, mwaka jana, mvua zilipokatika na baridi ikaanza kushuka. Asubuhi moja Josefina aligonga mara moja kama kawaida, akajibiwa mbili. Akafungua koki ya maji kidogo. Mchana zikaja mbili nyingine. Kufikia mwisho wa wiki koki ilikuwa wazi kabisa, na bado ziliendelea kuja, asubuhi, mchana na jioni. Joto lililotoka kwenye bamba lilizidi lote alilowahi kulipima, na mashine ikapata nguvu za ajabu. Kazi ya siku tatu ikawa inakwisha kwa siku moja. Josefina akafunga kinu cha pili, cha ulezi. Mwenyekiti wa kijiji, Alphonce, akaleta jenereta lisilokuwa na injini, wakaliunga kwa mkanda, na zahanati ikapata taa na friji ya chanjo, maana nguzo za umeme zilikuwa zimesimama kijijini mwaka mzima bila waya. Watu wakasema Zenon huko aliko anafurahi. Josefina naye alifurahi. Baadaye alijilaumu kwa furaha ile, lakini alifurahi kweli, na hakujiuliza kwa nini mtu aombe kupozwa mchana kutwa.

Aliyekuja kuuliza alikuwa Kija. Huyu alikuwa mfugaji wa Kisukuma, mwenye miaka arobaini na kitu, mrefu, asiye na maneno mengi. Kaya yake na nyingine nne au tano zilikaa chini ya kijiji, kule kijito kinakoacha miamba na kuingia mbugani. Alifika Ufipa akiwa mtoto, wakiswaga ng'ombe na baba yake kutoka kaskazini. Wanakijiji walinunua maziwa kwake na kukodi maksai wake wakati wa kulima, basi.

Alimkuta Josefina anapaka grisi. Akamwamkia shikamoo, akaitikiwa, akakaa juu ya gunia bila kukaribishwa, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Akasema maji ya kivukoni yamekuwa ya moto. Ng'ombe wakubwa wanayakataa mpaka kiu iwashinde, na ndama wawili wameshakufa kwa kuharisha. Hakupandisha sauti. Aliomba tu mama ashuke akaone mwenyewe, asije akadhani anasingiziwa.

Wakashuka pamoja. Kulikuwa na baridi kali asubuhi ile, watu wakipita na makoti na blanketi mabegani, lakini juu ya kijito ulitanda mvuke mwembamba kama unaotoka kwenye sufuria. Majani ya kandokando yalikuwa yameiva yakalala. Josefina akachutama akatia mkono. Maji yalikuwa kama ya kumwogeshea mzazi. Hatua chache kutoka hapo mke wa Kija alikuwa amekalia nyasi, kichwa cha ndama kiko juu ya paja lake, anamnywesha uji wa chumvi kwa chupa ya soda. Ndama alikuwa hamezi tena. Uji ulimtoka pembeni mwa mdomo, na yule mama aliendelea kumpangusa.

"Nilijua maji yanaondoka na joto," Josefina alisema. "Sikuyafuata yanakoishia."

Kija alimpa mkono akamsaidia kusimama.

Aliporudi kwenye ilungu Josefina aligonga tatu: punguza. Akajibiwa mbili. Akagonga tatu tena, kwa nguvu. Mbili. Wakabishana hivyo mpaka mkono ukamuuma. Kisha akasikia chuma kikiburuzwa juu ya bamba, na kuhesabu kukaanza.

Mara ya mwisho nyumba ya mlinzi ilikuwa na watu saba. Yalipopita mapigo saba Josefina akangoja yakome. Hayakukoma. Yalipofika ishirini alichota punje za mahindi kwenye gunia, akawa anadondosha moja moja ndani ya ndoo kwa kila pigo ili asipotee. Wateja waliosubiri unga walinyamaza mmoja baada ya mwingine. Katikati mapigo yalilegea, kukawa kimya kifupi, halafu yakaendelea kwa mkono mwingine, mzito zaidi. Jua lilikuwa limeinama yalipokoma. Josefina alimwaga ndoo juu ya turubai akahesabu punje. Zilikuwa mia tatu na arobaini.

Hakuhitaji kuelezwa. Huko Ng'ambo nchi ilikuwa inaungua, na watu walikuwa wametoka walikotoka wakaja kukaa mbele ya bamba, kwa sababu hapo ndipo penye ubaridi.

Jumapili, baada ya misa, kijiji kilikutana uwanja wa shule. Josefina alieleza yote mawili, ndama wa Kija na punje mia tatu na arobaini, kisha akakaa. Mabishano yalikuwa marefu. Cornelia, mjane mwenye shamba kubwa la ulezi kando ya kijito, alisema hata mizizi ya ulezi wake inaiva ardhini, na akauliza ni nani aliyewahi kuwaona hao watu kwa macho. Wengine walisema mashine ikizimwa zahanati itakosa friji. Katekista Vitus alisema anayegonga na kujihesabu ni mtu, hahitaji kuonekana. Alphonce akaandika, akafuta, akaandika tena. Mwishowe mtu akasema ni haki mwenye ng'ombe asikilizwe, na Kija akasimama huko nyuma alikokuwa.

"Sisi tulihesabiwa mara nne kabla hatujaambiwa kaeni," alisema. "Kila kijiji tulichopita, wanatoka na daftari, wanahesabu watu, wanahesabu mifugo, halafu wanasema nendeni mbele. Mdogo wangu alifia njiani, hesabu ya mwisho hakuwemo. Kwa hiyo hao wa huko nawajua. Lakini na ndama wangu siwezi kuwaambia wavumilie. Semeni nyinyi. Mimi sijui."

Waliamua koki ifungwe siku saba, kijito kipoe, ndipo waone. Alphonce alimuuliza Josefina kama ana neno. Alikuwa nalo, lakini lilikuwa halijapata umbo mdomoni mwake, na watu walikuwa wameshaanza kukung'uta nguo zao wakisimama. Akasema hana.

Jumatatu asubuhi alifunga koki. Maji yalipokatika mashine ilizunguka mizunguko michache ya mazoea, ikasimama. Ukimya wake ulimshtua. Hakuwahi kuusikia katikati ya siku ya kazi. Kisha zikaanza mbili. Zilikuja siku nzima, na Jumanne, na Jumatano, wakati mwingine kwa vyuma vingi kwa pamoja, kama wamepanga mstari mbele ya bamba. Josefina alikuwa hana kazi ya kufanya pale, wala hakuondoka. Alikaa juu ya kiti cha baba yake akasikiliza, kwa kuwa aliona angalau hilo halipaswi kumshinda. Alhamisi mapigo yalikuwa machache. Alhamisi jioni hayakuwepo.

Ijumaa kulipokucha Kija alikuja. Alisema maji yamepoa, ndama wamekunywa vizuri, ameona aje kusema. Akauliza kama bado wanagonga. Josefina akamwambia wamenyamaza tangu jana.

Kija aliisogelea koki.

"Fungua, mama," alisema.

"Kikao kilisema siku saba."

"Kikao hakipo hapa."

Waliifungua koki pamoja, maana ilikuwa imekaza. Maji yalipoingia mashine ilishtuka ikaruka kwa kasi ambayo Josefina hakuwahi kuiona. Mkanda wa kinu ulikatika ukachapa ukuta, na bomba likapiga mluzi wa mvuke. Alimwambia Kija arudi nyuma, akakaa karibu yeye mwenyewe mpaka ilipotulia. Halafu akachukua spana akagonga mara moja. Hakujibiwa. Aligonga kila baada ya robo saa. Kija hakurudi kwa ng'ombe wake. Alituma ujumbe kwa simu kwamba wanawe wachunge.

Alasiri ndipo chuma kilipoburuzwa. Safari hii walihesabu wote wawili, kila mmoja na rundo lake la punje, bila kusemeshana. Mapigo yalikuwa dhaifu, na kila yaliposimama Josefina alishikilia punje mkononi akiomba lije jingine. Mwisho walilinganisha. Josefina alikuwa na mia mbili tisini na moja. Kija alikuwa na mia mbili tisini na moja.

Walikuwa wamepungua arobaini na tisa.

Kija alikaa chini sakafuni, kwenye vumbi la unga, akaweka mikono juu ya kichwa. Josefina alitaka kumwambia kwamba si yeye aliyefunga, ila akaona kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyefunga, na kwamba neno lolote atakalolisema litakuwa la kujitua mzigo. Wakakaa hivyo mpaka mtu alipoita nje akitaka unga.

Vitus alipeleka habari kwa padre. Padre alikubali kuja kusoma misa ya marehemu, akaomba orodha ya majina kama ilivyo desturi. Hakukuwa na jina hata moja. Vitus aliandika kwenye karatasi: watu arobaini na tisa wa nyuma ya bamba. Kanisa lilijaa kuliko Pasaka. Kija hakuwa Mkristo, lakini alisimama mlangoni na mke wake na watoto, kofia mkononi, tangu mwanzo mpaka mwisho. Baada ya hapo watu walikula pamoja uwanjani kama msibani, na hakuna aliyebishana kuhusu nani alisema nini kwenye kikao. Alphonce peke yake ndiye aliyesema, kwa sauti ya kawaida, kwamba yeye ndiye aliyekiongoza. Cornelia alikuwa ameleta ugali wa ulezi sufuria mbili. Aligawa mpaka mwisho, yeye hakula.

Kesho yake Josefina aliingia ndani ya ilungu akitaka kuomba radhi, na ndipo akagundua kwamba katika miaka yote ile, baba yake na yule mlinzi hawakuwahi kuhitaji kugonga neno hilo. Hawakukosana. Alijaribu kuburuza spana polepole sana; walidhani anahesabu, wakangoja. Akajaribu kugonga kwa kifundo cha kidole. Mwishowe aliweka kiganja kwenye bamba, akakiacha hapo mpaka ngozi ikashindwa. Alipokitoa, wakagonga mbili.

Alicheka kidogo kwa uchungu, akafunga mkono kitambaa. Kumbe walichotaka ni kupozwa. Radhi yake ingengoja.

Siku hiyo hiyo aliwatafuta Alphonce na Kija, wakatembea na kijito kutoka juu mpaka chini. Walichokubaliana kilikuwa rahisi kusema. Maji ya moto yasirudi tena kijitoni. Yachimbiwe mfereji wake, yapelekwe kwenye uwanda ulio mtupu kusini mwa kijiji, pale upepo wa Ufipa haupumziki, yatandazwe kwenye mabwawa mapana yasiyo na kina mpaka yapoe. Ng'ombe wajengewe hori juu, kwenye chemchemi, kabla maji hayajafika kwenye mashine. Kuchimba kulichukua Agosti yote na nusu ya Septemba. Wafipa walianza juu, Wasukuma wakaanza chini, wakakutana katikati kwenye mwamba uliowatesa siku sita. Ng'ambo walihesabiwa kila Jumapili. Mia mbili tisini na moja. Mia mbili tisini. Mia mbili tisini na mbili, na wiki ile wanawake walipiga vigelegele mashineni, kwa kuwa kuzidi kwa hesabu kulikuwa na maana moja tu.

Kisha ikafika Oktoba. Jua likawaka, kijito kikapungua mpaka kikawa kama kamba, na mashine ikaanza kuchoka. Kwanza ilisimama saa nane mchana ikaamka jioni. Halafu ikawa inasimama saa nne. Watu walishangaa, kwa sababu bamba lilikuwa la moto vilevile. Josefina aliwaeleza kwamba mashine ya joto haiendeshwi na moto peke yake; inaendeshwa na tofauti kati ya moto na baridi. Maji yakiwa machache, yakipita yanatoka na moto sawa na bamba, tofauti inakwisha, na mashine haina cha kuisukuma. Na ikisimama, joto linabaki Ng'ambo.

Lakini alikuwa amefikiria jambo moja, na alilisema akiwa amesimama mbele ya friji ya zahanati. Aliwaambia washike mgongo wa friji. Ulikuwa wa moto. Akasema ndani ya friji joto halitoki kwa hiari yake. Linavutwa, na umeme ndio unaofanya kazi ya kulivuta. Mashine yao nayo, ikizungushwa kwa nguvu, itaendelea kuvuta joto hata pale ambapo yenyewe imeshindwa. Zaidi ya miaka sitini imewasagia. Sasa itabidi wao waizungushe.

Waliazima injini ya dizeli. Walichanga mafuta yakatosha siku tisa. Baada ya hapo wanaume walishika mpini wa gurudumu kwa zamu, wanne wanne, na wenye nguvu walidumu dakika ishirini. Siku ya tatu walikuwa wamechubuka viganja vyote, na mashine ilikuwa inasimama kila zamu inapobadilishana. Hesabu ya Jumapili hiyo ilikuwa mia mbili themanini na nane.

Jumatatu Kija alipanda kutoka mbugani na maksai wanane.

Kila mtu pale alijua maksai wale ni nini. Oktoba ni mwezi wa kuwapumzisha na kuwanenepesha, ili mvua ikinyesha wavute plau. Nusu ya mashamba ya kijiji, pamoja na ya Kija mwenyewe, yalilimwa na wanyama hao. Josefina alimwambia hivyo, akidhani labda hajafikiria. Kija akajibu kwamba amefikiria usiku wote, na mke wake naye amefikiria, na asingependa kufikiria tena.

Josefina akatoa difu, gia za ekseli ya nyuma ya lile trekta lililokufa, iliyokuwa inaota kutu nyuma ya nyumba. Aliilaza, akafunga boriti ndefu juu yake ili maksai waizunguke, na mwendo wao wa polepole ukatoka upande wa pili kwa kasi ya kutosha gurudumu. Ilimchukua siku mbili na vipimo vya kubahatisha. Siku ya tatu jozi ya kwanza ilifungwa nira, Kija akaongea nao Kisukuma karibu na masikio, wakatia mguu mbele. Mashine ikahema. Maji yaliyotoka kwenye bomba kwenda mfereji yalikuwa ya moto kiasi cha kuunguza, na kila aliyeyaona alijua hilo joto limetoka wapi.

Walizunguka hivyo wiki sita, tangu alfajiri mpaka jua kuzama, jozi kwa jozi. Watoto wa shule walikata nyasi hadi mbali, kwa sababu za karibu zilikwisha. Waliokuwa na pumba walileta pumba. Njia ya mduara ilichimbika ikawa kama mtaro, ikajazwa changarawe, ikachimbika tena. Mahindi ya kijiji yalipelekwa kusagwa Kaengesa kwa baiskeli, na wapo waliosema wazi kwamba huu ni wazimu: kuwa na mashine nyumbani na kwenda kusaga kwingine. Wengine walifanya zamu yao huku wakisema hivyo. Katikati ya Novemba maksai mmoja, mwekundu mwenye kipaji cheupe, alipiga magoti ndani ya nira asiinuke. Kija alimfungua, akakaa naye hadi akaisha. Nyama waligawana wote, na mwenye mnyama hakuchukua fungu kubwa kuliko wengine. Mchana wa siku ile wanaume wanne walishika nafasi yake kwenye boriti.

Mvua ilifika tarehe ishirini na nane, kutoka upande wa ziwa, kubwa tangu tone la kwanza. Kijito kilijaa kabla ya jioni. Josefina alikuwa ameweka sikio kwenye silinda alipohisi pigo la pistoni likibadilika. Nje, maksai walisita, wakageuza vichwa, maana nira ilikuwa imewalegea shingoni. Boriti ilikuwa inawafuata yenyewe. Kija aliwafungua kwenye mvua. Mbavu zao zilihesabika. Aliwapangusa migongo kwa mkono, mmoja mmoja, na Josefina akamwona anatetemeka, akampelekea koti la marehemu baba yake.

"Wapumzike siku ngapi kabla ya kulima?" alimuuliza.

"Mwaka huu hawatalima," alisema Kija. "Labda kidogo, mwezi wa kwanza."

Ikawa hivyo. Kija, ambaye hulima ekari kumi, alilima mbili. Waliozoea kumkodi walilima kwa jembe la mkono, na walichelewa. Mwezi wa sita walipovuna, maghala yalikuwa na nafasi. Hakuna aliyekufa njaa, ila nyumba nyingi zilipunguza mlo, na familia mbili zilihamia mjini Mazwi kufanya biashara ndogondogo, zikisema hazirudi. Josefina alikuwa hasagi tena miezi ya ukame. Alitengeneza baiskeli na pikipiki za watu chini ya paa la mashine, spana ile ile ikiwa karibu. Jumapili ya mavuno Ng'ambo walikuwa mia mbili tisini na tano.

Wiki iliyofuata kijiji kilikutana tena. Alphonce alisema jua la Oktoba haliko mbali, na mfereji mmoja hautoshi. Inahitajika lambo la kuhifadhi maji ya mvua ijayo, ili Oktoba zijazo mashine ipate ubaridi bila kuua ng'ombe wa mtu. Hapakuwa na ubishi kuhusu kuchimba. Ubishi ulikuwa lambo likae wapi. Josefina alitoa kiwanja chake, lakini Kija, aliyekwisha kupita na kamba na vijiti, alisema kiko juu mno, maji hayatapanda. Panapofaa ni mahali pamoja tu, bondeni, kwenye shamba la Cornelia.

Wote wakamgeukia. Cornelia alichora ardhini kwa kijiti. Kisha akasema ulezi wake bado uko shambani, umechelewa kwa sababu shamba lililimwa kwa jembe la mkono, na yeye hawezi kuukata peke yake. Ukishaingia ghalani, wachimbe.

Wakamuuliza itachukua siku ngapi. Akasema inategemea watakuja wangapi na visu.